Karatasi ya Chumba Maalumu

"Sikubadilisha hata neno moja," mhakiki wa mtihani alisema. "Andika hivyo hivyo, mama. Hata neno moja."

Rula aliandika hivyo hivyo. Jina lake halisi lilikuwa kwenye kitambulisho na kwenye hati ya mahakama, lakini watu walikuwa wameacha kulitumia tangu alipokuwa mafunzoni polisi, kwa sababu hakuna karatasi aliyoisoma bila kuweka rula ya plastiki chini ya mstari. Upolisi ulikwisha, akastaafu, akadhani atapumzika. Wapi! Sasa jaji akiwa na jambo linalohitaji mtu wa kuuliza maswali, humwita yeye, na yeye huja na rula yake.

Walikuwa wamekaa sebuleni kwa mhakiki, mwalimu mstaafu wa hesabu, mzee mwembamba mwenye shati lililopigwa pasi mpaka mikono ikasimama yenyewe. Rula alipoingia alivua viatu akaviacha mwisho wa msururu wa ndala za wajukuu mlangoni. Mzee aliinama, akaviokota, akavisogeza nafasi tatu mbele, kabla ya raba za kijana mwenye mguu mkubwa kuliko wake. Kisha akanyoosha mgongo na kumkaribisha kiti.

"Swali la hamsini na mbili unalikumbuka?"

"Nayakumbuka yote mia." Mzee alifumba macho. "Pampu ya mafuta imeonyesha lita ishirini. Ndoo imepokea lita kumi na tisa nukta nane. Upungufu ni asilimia ngapi? Jibu, asilimia moja. Mtoto wa shule ya msingi analijibu huku anachezea penseli."

"Orodha ya majibu inasema jibu ni B. Na B kwenye karatasi iliyochapwa ni sifuri nukta mbili."

"Orodha mimi siioni. Mtunzi akimaliza kutunga, anaandika orodha ya majibu, anaitia kwenye bahasha, anaipiga lakiri. Inakaa kabati la chuma mpaka mtihani upite. Mimi napewa maswali peke yake, nayapitia siku mbili mlango umefungwa, yanakwenda kuchapwa. Ndiyo sheria. Wanaogopa tutauza majibu."

"Na rasimu ya mtunzi iko wapi?"

"Tuliichoma. Kiberiti nilishika mimi, mashahidi wawili wakasaini. Nayo ni sheria."

"Sheria zenu nzuri sana," Rula alisema. "Kila kitu ambacho kingenisaidia mmekifungia au mmekitia moto."

Mzee hakucheka. Alimsindikiza hadi mlangoni na kumwambia kwa mara ya tatu kwamba hakubadilisha neno.

Jaji alikuwa amemuuliza Rula swali moja tu: kosa liko kwenye swali, au liko kwenye orodha ya majibu? Kwa mtu wa nje, yote ni mamoja, kosa ni kosa. Kwa mdai hayakuwa mamoja hata kidogo. Mdai alikuwa karani wa muda katika masijala ya hospitali, mwaka wa tisa huu anapanga mafaili ya wagonjwa kwa mkataba wa miezi mitatu mitatu. Kwenye mtihani wa ajira ya kudumu alipata alama sabini na moja. Walioajiriwa walianzia sabini na mbili. Swali la hamsini na mbili alichagua C, asilimia moja, akaandikiwa amekosa.

Kanuni za Bodi ya Ajira zilikuwa wazi, na Rula alikuwa ameziwekea rula mstari kwa mstari. Swali lenyewe likiwa na kosa, linafutwa, na matokeo yaliyokwisha kutangazwa hayaguswi. Orodha ya majibu ikiwa na kosa, karatasi zote zinasahihishwa upya. Na mwisho wa ukurasa ule ule: hakuna atakayeajiriwa akiwa amefikisha miaka thelathini na tano. Mdai alikuwa anaifikisha Jumamosi. Siku hiyo ilikuwa Jumanne, na kesi ingeitwa Alhamisi saa nane mchana.

Mwanasheria wa Bodi alimpokea kwa maji ya baridi na tabasamu. Alikuwa kijana nadhifu, tai imekaa sawasawa, mezani hakuna hata klipu iliyolala upande.

"Swali lina utata, mama," alisema. "Mafuta yaliyopungua ni lita sifuri nukta mbili. Mtu anaweza kulielewa hivyo. Lifutwe, yaishe, kila mtu akalale kwake."

"Swali limeuliza asilimia."

"Ndiyo huo utata ninaousema."

"Mwanangu, hapo hapana utata. Pana asilimia." Rula alikunywa maji yote, kwa sababu jua lilikuwa kali na yeye si mtu wa kususa maji. "Nataka kuona mashine ya kusahihishia."

Mashine ilikuwa chumba cha nyuma, chini ya kiyoyozi kilichounguruma, na fundi wake alikuwa dada aliyevaa sweta na juu ya sweta akajifunga kitenge. Alifurahi kupata mgeni. Alieleza kwamba mashine haijui hesabu wala lugha; inajua doa la penseli liko kwenye herufi gani, inalinganisha na orodha iliyopewa, basi.

"Walioajiriwa, wangapi walichagua B kwenye la hamsini na mbili?"

Fundi alibofya, akasubiri, akabofya tena. "Kumi na mmoja."

"Nitolee hao kumi na mmoja. Kila mmoja na alama zake za maswali mengine ya hesabu. Yako kumi na tisa mengine, siyo?"

Karatasi ilitoka ikiwa na joto. Rula aliweka rula chini ya mstari wa kwanza. Kumi na mbili kati ya kumi na tisa. Mstari wa pili, tisa. Wa tatu, kumi na moja. Walikuwa watu wa kubahatisha, hesabu haikuwa kwao, na sifuri nukta mbili ni mtego ambao mtu wa namna hiyo huuingia kwa miguu yote miwili. Alishuka polepole mpaka mstari wa nane, rula ikasimama.

"Huyu kapata kumi na tisa kwa kumi na tisa."

"Kichwa hicho," fundi alisema.

"Kichwa kweli. Hesabu ngumu zote kazipata, hakukosea hata moja. Halafu hapa kwenye swali la mtoto ndipo ateleze? Na ateleze pale pale ilipoteleza orodha?"

Fundi alisogeza kiti karibu na kushusha sauti, ingawa walikuwa wawili tu na kiyoyozi. "Aliiona orodha."

"Umesema wewe. Alipata ngapi jumla?"

"Sabini na mbili. Mstarini kabisa."

"Na hii herufi M mwisho wa namba yake?"

"Chumba Maalumu. Kina mama wenye watoto wachanga, mtu mwenye plasta mkononi, wagonjwa. Siku ile alikuwa mmoja tu."

"Peke yake, na msimamizi mmoja."

"Peke yake. Na usinitaje, mama, lakini kazi amepewa humu humu ndani. Ghorofa ya chini, chumba cha simu. Mimi humsikia kwenye simu tu, sijawahi kumwona."

Rula alishuka ngazi upesi kuliko magoti yake yalivyopenda. Miaka ishirini na sita ya polisi ilikuwa imemfundisha kwamba mtu aliyeiba majibu hukimbiwa na rangi anapoona kitambulisho, na alitaka awepo rangi inapoondoka.

Chumba cha simu kilikuwa na giza, mchana kweupe. Taa imezimwa, pazia limeshushwa. Mwanamke wa makamo ya thelathini alikaa mbele ya sanduku la vitufe, vipokea sauti masikioni, anaunganisha simu mbili kwa mpigo na kumtuliza mtu wa tatu. Rula alisubiri amalize, kisha akasogea na kukiweka kitambulisho mezani, mbele ya pua yake.

"Natoka mahakamani. Kitambulisho changu hicho."

"Sawa, karibu," opereta alisema, uso ukiwa umeelekea ukutani. "Lakini hapo ulipokiweka hakitanisaidia kitu. Nisomee."

Rula alikirudisha kitambulisho mfukoni. Alijiona mjinga, tena mjinga wa cheo, na hakulipenda jambo hilo.

"Samahani, dada. Sikuambiwa kwamba huoni."

"Hawasemi. Wanasema 'maalumu'. Vuta kiti, kipo nyuma ya mlango. Taa iko kushoto ukiihitaji, mimi nabana matumizi ya umeme wa serikali."

Rula aliwasha taa, akavuta kiti na kufungua daftari.

"Kwenye mtihani, swali la hamsini na mbili, ulijibu nini?"

"La pampu? Asilimia moja."

"Nataka herufi."

"B."

"B ni sifuri nukta mbili."

"Kwenye karatasi yako, labda. Kwangu B ilikuwa asilimia moja."

"Una uhakika?"

"Mama, namba za simu za jengo hili ni mia tatu na kumi na zote ziko hapa." Aligonga paji la uso. "Sasa asilimia moja ndiyo inipotee?" Kitufe kilipiga mlio, akaunganisha mtu na uhasibu, akarudi. "Halafu hunielewi. Karatasi yangu haikuwa hiyo yako. Mimi nilipewa ya nukta nundu. Ulidhani walinipa ya wino nikainuse?"

Hapo Rula alicheka, kicheko cha kweli. Kisha akageuza ukurasa haraka.

"Nani anaichapa hiyo ya nukta nundu?"

"Shule ya wasioona. Mashine ni moja, mwalimu ni mmoja, na mtihani wa maswali mia unamchukua wiki tatu. Mimi nilisoma pale, namjua. Hukubali kuharakishwa."

"Wiki tatu," Rula alirudia. Alitafuta tarehe kwenye daftari. Mhakiki alifungiwa chumbani siku kumi tu kabla ya mtihani. Kama mwalimu wa shule ile alihitaji wiki tatu, basi alianza kazi kabla mhakiki hajaigusa karatasi. Alichapa rasimu, ile ile iliyotiwa kiberiti mbele ya mashahidi wawili.

"Karatasi yako iko wapi sasa?"

"Niliirudisha msimamizi akiniangalia. Ni mzigo, ina ukubwa wa albamu ya harusi. Yeye alinisaidia kutia doa la penseli tu, mimi nikimtajia herufi. Ilikwenda wapi baada ya pale, waulize wenye funguo."

Wenye funguo walichukua asubuhi nzima ya Jumatano. Mtunza stoo alitaka barua. Rula alimpa hati ya jaji. Mtunza stoo akasema hati si barua. Rula akamwambia kweli, hati si barua, barua humwomba mtu na hati humpeleka ndani, achague anachopenda. Funguo zilipatikana. Kwenye orodha ya vitu vilivyochomwa palikuwa na rasimu, nakala za uhakiki, karatasi za akiba. Ya nukta nundu haikutajwa popote, maana aliyeitunga fomu ile hakuwahi kufikiria kwamba kuna karatasi ya namna hiyo. Haikuandikwa kwenye fomu, kwa hiyo haikuchomwa. Ilikuwa rafu ya chini kabisa, imefungwa kamba, lebo imeandikwa "Chumba Maalumu".

Alimwombea opereta ruhusa ya nusu saa, akamleta stoo akiwa amemshika kiwiko, akamkalisha kwenye meza ya mtunza stoo. Mtunza stoo alibaki kama shahidi. Opereta alinyoosha mkono kuichukua karatasi, lakini Rula aliizuia kwa kiganja.

"Kabla hujasoma, nikwambie kitu, nisije nikaonekana nimekudanganya. Ukisoma ninachodhani utasoma, itaonekana kwamba kwa watahiniwa wengine wote jibu sahihi ni C. Wewe ulijaza B. Mtu asiyejali akiibadilisha orodha kwa wote, mashine itakunyang'anya alama moja. Utabaki na sabini na moja, na bado uko kwenye majaribio."

"Yanaisha mwezi ujao."

"Ndiyo."

"Na nisiposoma?"

"Nitamleta yule mwalimu wa shule yenu. Yuko safari, anarudi Jumatatu. Lakini dada aliyeshtaki ana mwisho wake Jumamosi."

Vidole vya opereta vilikuwa vinagusa kamba ya kile kifurushi, mbele na nyuma.

"Naogopa," alisema. "Nisiseme uongo. Mama yangu amewaambia mtaa mzima kwamba nina kazi ya serikali."

"Nakusikia."

"Lakini nikikaa kimya, itakuwa nimeiba. Na mimi sikuiba, nilijibu." Akaivuta karatasi. "Toa mkono wako."

Alifungua kurasa nene, akahesabu kwa sauti ya chini, akatua. Kidole cha shahada kilikwenda kushoto hadi kulia.

"Hamsini na mbili. Pampu ya mafuta imeonyesha lita ishirini... ndiyo hili. A, asilimia mbili. B, asilimia moja. C, asilimia sifuri nukta mbili. D, asilimia sifuri nukta moja."

"Rudia, polepole, naandika."

Alirudia. Rula aliweka karatasi ya wino pembeni, rula chini ya majibu. A, sifuri nukta moja. B, sifuri nukta mbili. C, moja. D, mbili. Swali lilikuwa lile lile, namba zilikuwa zile zile nne, na hakuna neno lililobadilishwa. Tofauti ni kwamba kwenye karatasi moja zilishuka na kwenye nyingine zilipanda.

Alibaki ameikodolea macho, akaona akilini ndala za wajukuu mlangoni kwa mzee, ndogo mbele, kubwa nyuma, na viatu vyake mwenyewe vikirudishwa mahali pake. Akatoa simu.

"Mwalimu, shikamoo. Ulisema hukubadilisha neno."

"Marahaba. Hata moja."

"Na mpangilio wa majibu?"

"Mpangilio gani?"

"Majibu ya namba. Ukikuta yameanzia kubwa, unafanyaje?"

"Napanga yaanzie ndogo. Namba zinaanzia ndogo, mama, hilo halina mjadala, nimewafundisha watu hivyo miaka thelathini na moja. Hiyo siyo kubadilisha, ni kupanga tu. Mtunzi mwenyewe ananijua, siku hizi ananiletea yamepangwa tayari. Labda swali moja au mawili aliyoongeza dakika za mwisho..."

Sauti ilikatika. Rula alimwacha. Alisikia mzee anavuta kiti, anakaa.

"Bahasha," mzee alisema mwishowe. "Bahasha ilikuwa imeshafungwa."

"Ilikuwa imeshafungwa. Mtunzi aliandika B akimaanisha asilimia moja, na alikuwa sawa. Wewe ukaisogeza asilimia moja ikaenda C, na orodha ikabaki kabatini na B yake."

"Lahaula. Nani ameumia?"

"Kesho mahakamani utamwona. Njoo, mwalimu, ueleze mwenyewe."

"Nitakuja," mzee alisema. "Nitakuja mapema."

Opereta alikuwa ameshaifunga karatasi. Alisubiri mpaka simu ikatwe.

"Sasa mimi nimefaulu au nimefeli?"

"Umefaulu. Ulijibu sawa."

"Hilo nalijua toka siku ile ile. Nauliza mashine yenu itasemaje."

Rula aliandika ripoti usiku haujaingia, kurasa nne, na penye hitimisho aliweka mistari miwili: kwa karatasi ya wino, jibu sahihi ni C, kwa karatasi ya nukta nundu, jibu sahihi ni B. Mstari wa pili aliupigia mstari chini kwa ile rula. Alhamisi asubuhi kila upande ulipata nakala yake.

Saa saba na nusu mchana, mdai alikuwa kwenye benchi la korido ya mahakama, faili mapajani, shangazi yake pembeni. Wakili hakuwa naye. Hati zote za kesi alikuwa ameziandika mwenyewe, amezitoboa, amezifunga kwa utepe, na karani wa mahakama alikuwa ameshakiri kwamba faili lake ndilo safi kuliko yote ya mwezi ule. Shangazi mtu alikuwa hajakosa kikao hata kimoja, na askari wa mlangoni alimwogopa kuliko alivyomwogopa jaji. Mhakiki alikuwa amekaa peke yake benchi la mbele, kofia mikononi, haangalii mtu. Rula alisimama dirishani. Kazi yake ilikuwa imekwisha. Kilichobaki ni kuitwa na kusoma.

Mwanasheria wa Bodi alikuja akiwa na nakala mbili za karatasi moja.

"Dada, hongera," alisema. "Bodi imekubali kosa. Tusipotezeane muda. Hii ni hati ya suluhu. Orodha inabadilishwa, B inakuwa C, karatasi zinapita kwenye mashine leo jioni, kesho saa tatu unapokea barua ya ajira. Tukisaini sasa, namwambia jaji tumepatana, kesi imefungwa, ripoti haina haja ya kusomwa."

"Alhamdulillahi!" Shangazi alipiga makofi mara moja. "Kalamu iko wapi?"

"Na nisiposaini?" mdai aliuliza.

"Nitaomba mwezi mmoja wa kuijibu ripoti. Ni haki yetu, na jaji hatanyima. Lakini mwezi mmoja..." Aliinua mabega. Alijua Jumamosi iko wapi kwenye kalenda.

"Saini, mwanangu. Saini kabla hajabadilisha mawazo."

Mdai alikuwa anasoma. Mtu aliyekaa masijala miaka tisa hasaini karatasi asiyoisoma, hata ikiwa inampa kila alichokuja kukitafuta. Alisoma mpaka mwisho, akafungua faili, akatoa ripoti ya Rula, akaziweka sambamba.

"Hapa pameandikwa 'karatasi zote bila kubagua'. Ripoti ina mistari miwili."

"Huo wa pili haukuhusu, dada. Ni mambo ya ndani ya Bodi."

Mdai alimgeukia Rula dirishani. "Mama, huyu wa Chumba Maalumu alijibu ngapi?"

Rula hakuruhusiwa kumshauri mtu. Kujibu kilichoandikwa kwenye ripoti aliruhusiwa.

"Asilimia moja."

"Na mimi?"

"Asilimia moja."

"Nikisaini hii, yeye anakuwaje?"

"Anashuka hadi sabini na moja. Yuko kwenye majaribio. Ataondolewa."

Mdai alifuta kiganja kwenye sketi yake.

"Miezi saba nalia," alimwambia mwanasheria, na sauti yake ilikuwa inatetemeka kwa hasira, wala hakuificha. "Shangazi shahidi. Nalia kwa sababu nilijibu sawa nikaambiwa nimekosa. Halafu unaniletea karatasi, mtu mwingine akaambiwe hivyo hivyo, na saini iwe yangu mimi?"

"Dada, huyo si mdai. Hayumo kwenye kesi hii."

"Yumo sasa."

"Mwanangu," shangazi alisema taratibu, "Jumamosi."

"Siku niliyozaliwa naijua, shangazi."

Alitoa kalamu yake mwenyewe. Chini ya kifungu cha pili, kwa mwandiko wa masijala, herufi zimesimama, aliandika: *isipokuwa karatasi ya nukta nundu, ambayo jibu lake linabaki B, na aliyeijibu hataguswa*. Akaandika hivyo hivyo kwenye nakala ya pili. Akasaini zote mbili na kumkabidhi.

Mwanasheria alisoma, akalegeza tai. "Hii siwezi kuisaini."

"Basi usiisaini. Tuingie ndani. Wewe omba mwezi wako. Mimi nitamwonyesha jaji karatasi hii, aone mwezi huo ulikuwa wa nini. Akikuuliza kwa nini asiyeona alipewa mtihani ambao haujahakikiwa, utamjibu wewe, maana mimi sijui."

"Utakosa kazi, dada."

"Nitakosa," mdai alisema. Machozi yalikuwa yamejaa, akayaacha. "Nimekaa bila hiyo kazi miaka tisa."

Mlango ulifunguliwa. Karani wa mahakama alisoma namba ya kesi kwa sauti ya juu, akatazama kushoto na kulia. Mhakiki alisimama na kofia yake. Mdai alisimama, akaweka faili kwapani. Shangazi alisimama pia, akiyalaumu magoti, akimlaumu jaji, akiwalaumu watu wote wa asilimia, lakini alikamata mkono wa binti wa kaka yake na kuushika barabara, wakaanza kutembea kuelekea mlangoni.

Karani aliita mara ya pili.

"Subirini," mwanasheria alisema.

Aliiweka hati juu ya benchi, akapiga goti moja kwenye sakafu ya korido kwa sababu meza haikuwapo, akasaini nakala ya kwanza, akasaini ya pili. Aliponyanyuka, shangazi alikuwa amerudi na kumsimamia kichwani.

"Tarehe, baba," alisema. "Weka na tarehe, tena uandike vizuri. Sisi shida yetu ni tarehe."